Shajara ya mradi: simulizi ya Kiswahili kwa filamu bubu ya Shin Il-seon

Januari: filamu isiyokuwepo

Mradi wetu ni kuandika simulizi ya Kiswahili ya kusomwa ukumbini, mbele ya watu, huku filamu bubu ya Kikorea ya mwaka 1934 ikipita kwenye pazia. Filamu yenyewe inaitwa Cheongchun-ui Sipjaro, nasi kwenye makaratasi yetu tumeipa jina la Njiapanda ya Ujana. Mwongozaji wake ni An Jong-hwa. Wanawake wawili wana kazi kubwa ndani yake, Kim Yeon-sil na Shin Il-seon, na mimi nimeng'ang'ania kwamba uandishi wote uanzie kwa huyu wa pili.

Wenzangu wameniuliza kwa nini. Jibu langu limo kwenye filamu nyingine, ambayo hatuwezi kuionyesha kwa sababu hakuna nakala yake inayojulikana popote duniani. Hiyo ni Arirang, ya 1926.

Korea ilitwaliwa na Japani mwaka 1910. Tarehe 1 Oktoba 1926 serikali ya Gavana Mkuu ilisherehekea kukamilika kwa jengo lake jipya, lililosimamishwa ndani ya eneo la kasri la Gyeongbokgung pale Seoul, mji ambao watawala waliuita Keijo. Siku hiyohiyo jumba la sinema la Danseongsa likaanza kuonyesha Arirang. Na Woon-gyu ndiye aliyeiandika na kuigiza ndani yake kama Yeong-jin, kijana msomi aliyerudi kijijini akiwa amerukwa na akili. Watazamaji hawakuhitaji kuambiwa ni nani aliyemfikisha hapo. Walikuwa wameyaona maandamano ya kudai uhuru ya Machi 1919, na waliwajua waliotoka rumande wakiwa si wale walioingia.

Shin Il-seon alikuwa Yeong-hui, mdogo wake wa kike. Msichana mdogo sana, mgeni kabisa mbele ya kamera. Siku ya sherehe ya mavuno, kijiji kizima kikiwa ngomani, msimamizi wa mwenye mashamba, mtu wa karibu na polisi, anamvamia Yeong-hui. Kaka yake anamuua mtu yule kwa mundu. Akili zinamrudia akiwa tayari amefungwa kamba, na wanakijiji wanamsindikiza hadi kwenye kilima cha Arirang huku wakiimba. Wimbo ule ulitoka ukumbini ukaenea nchi nzima, na Arirang inayoimbwa zaidi leo imetokana na ule wa filamu. Polisi nao hawakulala: vipeperushi vya tangazo vilivyochapishwa maneno ya wimbo vilikamatwa, kwa sababu ubeti mmoja uliuliza mashamba mazuri ya mbele ya nyumba yamekwenda wapi.

Haya yote tunayajua kwa maandishi, kumbukumbu za watu na picha chache za mnato. Kwa miaka mingi ilisemekana kwamba mkusanyaji mmoja wa Osaka, Abe Yoshishige, alikuwa nayo nyumbani kwake. Wakorea walikwenda kumbembeleza mara kwa mara. Alipofariki mwaka 2005 makasha yake yakafunguliwa na kuorodheshwa, Arirang isionekane.

Kwa hiyo tuna mwigizaji ambaye kazi iliyomjengea jina haiwezi kutazamwa, na ambaye kazi yake moja inayotazamika karibu hakuna anayemtaja kwayo. Hapo ndipo nilipopata hamu.

Februari: faili lake

Faili la Shin Il-seon ni jembamba. Jina lake la kuzaliwa ni Shin Sam-sun. Kati ya 1926 na 1927 alifanya kazi kwa kasi ambayo hata waigizaji wetu wa tamthilia za televisheni wangeihurumia: baada ya Arirang alicheza Geumbungeo na Deuljwi za Na Woon-gyu, kisha Meondongi teul ttae ya Shim Hun, yule ambaye baadaye alikuja kuwa mwandishi mkubwa wa riwaya. Hiyo ya Shim Hun ilikuwa na jina jingine lililosema habari za kutoka giza hadi giza. Wakaguzi wa serikali hawakulipenda, ndipo ikaitwa Kunapopambazuka. Sijui kama waliona kwamba jina lao ndilo lililokuwa la hatari zaidi.

Halafu akaolewa na mtu mwenye mali wa Jeolla, kusini, akaacha filamu. Familia ilikuwa na shida ya fedha. Kufika kule akakuta mume ana mke tayari. Miaka ikapita, ndoa ikavunjika, akarudi Seoul, na mwaka 1934 yuko tena mbele ya kamera.

Nimekaa na kurasa za magazeti na majarida ya wakati ule zilizopigwa picha na kuwekwa kwenye hifadhi za mtandaoni: Dong-a Ilbo na Chosun Ilbo, yote mawili yaliyoanza 1920 baada ya watawala kulegeza kamba kidogo, na jarida la Samcheolli lililoanza 1929. Mwalimu wetu wa Kikorea, dada mvumilivu kupita kiasi, ananisomea zile safu za wima zilizojaa herufi za Kichina. Samcheolli lilipenda sana habari za waigizaji wa kike: nani kaolewa, nani kaachika, nani kafungua baa. Bok Hye-suk, binti wa mchungaji na nyota wa filamu ya Nongjungjo ya mwaka 1926, alikuwa akiendesha mkahawa wake uitwao Venus, na Januari 1937 jina lake limo kwenye barua ya wazi iliyochapishwa humo, yeye na wenzake, karibu wote wanawake, wakimwomba mkuu wa polisi aruhusu kumbi za dansi Seoul kama zilivyoruhusiwa Tokyo. Barua ile ina ucheshi na ina meno. Nimeinakili yote ingawa haihusu mradi.

Ninachokitafuta mimi, yaani mtu aliyeandika kwamba Shin Il-seon aligeuza kichwa hivi, alitembea vile, alifanya kazi yake kwa namna fulani, nimekipata kwa tabu. Wameandika uzuri wake, umri wake, ndoa yake na machozi yake. Yeye mwenyewe amekuwa kama hadithi ya kuhuzunisha ambayo kila mwandishi anaijua mwisho wake kabla hajaanza.

Nimeandika pia ukurasa mmoja wa waliomtangulia, maana bila wao hatuwezi kuelewa jinsi kazi hii ilivyokuwa mpya. Filamu za Korea huhesabiwa tangu 27 Oktoba 1919, pale Danseongsa ilipoonyesha vipande vya filamu vilivyochanganywa na mchezo wa jukwaani, na mhusika wa kike aliigizwa na mwanamume. Ndivyo jukwaa lilivyokuwa. An Jong-hwa mwenyewe, mwongozaji wetu, aliwahi kucheza nafasi za wanawake jukwaani alipokuwa kijana. Mwaka 1923 akaja Lee Wol-hwa katika Wolha-ui Maengse ya Yun Baek-nam, na wengi humhesabu kuwa mwigizaji wa kwanza wa kike wa filamu za Korea. Aliyelipia filamu ile alikuwa idara ya serikali ya kikoloni, na lengo lake lilikuwa kuhimiza watu waweke akiba. Mwanamke wa kwanza kwenye pazia, na ametumwa kuwaambia watu wapeleke pesa posta! Mwaka uliofuata Lee Wol-hwa na An Jong-hwa walicheza pamoja huko Busan kwenye filamu ya Hae-ui Bigok. Lee Wol-hwa alifariki 1933, angali kijana. Hakuna hata sekunde moja yake iliyobaki ikitembea.

Machi: makasha

Mwezi huu nilijipa kazi ya kuelewa tunachotazama ni kitu gani hasa, kabla sijaandika neno la simulizi.

Filamu za zama zile zilikuwa za naitreti. Kemikali ile hutoa picha nzuri ajabu, lakini inashika moto upesi, na hata ikiachwa bila moto hujila yenyewe: hutoa gesi yenye asidi, gesi hiyo inaharakisha uozo, utepe unanata kama asali, kisha unakuwa unga wa kahawia. Ongeza juu yake vita vya 1950 hadi 1953, Seoul ikichukuliwa na kurudishwa zaidi ya mara moja. Ongeza na uchumi: wazee wa sinema wa Korea husimulia kwamba tepe za zamani ziliuzwa kwa watengenezaji wa kofia za nyasi, wakazizungusha kwenye kofia kama utepe wa mapambo. Nacheka kwa uchungu kila nikikumbuka kwamba kampuni iliyotengeneza Arirang ilikuwa mali ya Mjapani muuza kofia, Yodo Torazo.

Kwa muda mrefu watu waliamini kwamba filamu bubu za enzi ya ukoloni zimekwisha zote. Mwaka 2007 Hifadhi ya Filamu ya Korea ikapokea kutoka kwa mtu binafsi makasha ya negativu ya naitreti, yaani ule utepe wa asili ambao nakala za kuonyeshwa hutolewa kwake. Sehemu ilikuwa imeharibika kiasi cha kutookoleka. Iliyobaki ilikuwa Njiapanda ya Ujana, filamu ya saa moja na robo hivi ikiisha kusafishwa na kunakiliwa. Mwaka 2012 serikali ya Korea Kusini iliisajili kuwa urithi wa utamaduni.

Kwa kuwa ni negativu, picha ina ung'avu ambao sikuutarajia. Nyuzi za kitambaa cha nguo zinaonekana. Nimezoea kuona filamu za miaka ile zikiwa na mvua ya mikwaruzo, watu wakikimbia kama wameungua miguu. Hapa mtu anakaa, anawaza, anapumua.

Hadithi kwa ufupi, kwa ajili ya wenzangu watakaosoma shajara hii bila kuiona filamu. Yeong-bok, kijana wa kijijini, anatumika miaka saba nyumbani kwa wakwe watarajiwa ili apewe binti yao. Binti anachukuliwa na Myeong-gu. Yeong-bok anakwenda Seoul, anakuwa hamali wa stesheni ya treni, akimwacha mama na mdogo wake Yeong-ok. Mjini anamfahamu Gye-sun, msichana anayeuza mafuta kwenye kituo cha petroli, ambaye baba yake ana deni. Mama anafariki kijijini. Yeong-ok anapanda kwenda mjini kumtafuta kaka, hampati, anaishia kuhudumu kwenye mkahawa wa pombe, na huko anaangukia mikononi mwa Gae-cheol, mwana wa raha mwenye pesa, ambaye Myeong-gu ni mpambe wake. Gae-cheol huyohuyo anamwinda na Gye-sun kupitia lile deni. Yeong-bok anapokuja kuelewa, wanawake wote wawili wamekwishanaswa na mtu mmoja, na hapo ngumi zinaongea.

Gye-sun ni Kim Yeon-sil. Yeong-ok ni Shin Il-seon.

Aliyekaa Danseongsa mwaka 1926 na kukaa tena kwenye ukumbi wa Joseon Geukjang Septemba 1934 alimwona mtu yuleyule: binti wa kijijini, mdogo wa kaka mwenye hasira, akionewa tena na mwanamume mwenye nguvu. Tofauti ni kwamba mara ya kwanza uovu ulimfuata shambani kwao, na mara ya pili yeye ndiye aliyeufuata mjini, kwa tiketi ya treni. An Jong-hwa alijua anachokifanya alipomchagua.

Aprili: mzee wa vibanda

Filamu bubu Korea hazikuwa kimya. Pembeni ya pazia alisimama byeonsa, msimulizi, aliyeeleza hadithi, akaigiza sauti za wote, akachombeza, akaliza watu. Majina kama Seo Sang-ho na Kim Yeong-hwan yalivuta watazamaji kuliko majina ya waigizaji. Tangu 1922 walitakiwa kufanya mtihani ndipo wapewe leseni, na ndani ya ukumbi palikuwa na kiti cha askari polisi aliyekaa akisikiliza. Picha ilikaguliwa kabla. Kinywa cha byeonsa kilikaguliwa palepale.

Msomaji wa Kiswahili hahitaji kuelezwa zaidi. Aliyekulia kwenye vibanda vya video anamjua Lufufu wa Dar es Salaam, aliyesimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili. Aliyeko Kenya ana DJ Afro. Wa Kampala wana maveejei (VJ) wao. Ndiyo sababu mradi huu hauonekani wa ajabu kwetu. Tunaazima kazi ambayo tayari tunaijua.

Nimemleta mzee mmoja aliyefanya kazi hiyo enzi za kanda za VHS. Nilimwekea filamu kwenye kompyuta, nikampa karatasi yenye mambo makuu ya hadithi, nikasema, "Mzee, tupe mistari miwili mitatu tu tusikie." Alikaa akatazama bila kusema neno hadi Yeong-bok alipofika stesheni. Kisha akaanza, akaenda moja kwa moja bila kupumua: akamfanya hamali aongee kwa lafudhi ya mtu wa bara aliyefika mjini jana, akamfanya tajiri aongee kwa puani, akasogeza kinywa mbali na maiki mtu alipoitwa kwa mbali. Wote tuliokuwepo tulicheka mpaka machozi. Halafu akasimama ghafla.

"Hapa hakuna pa kupumzikia, kijana," akasema.

Akanionyesha kwa kidole. Zamani alikuwa na kitufe. Akitaka kusema, anashusha sauti ya filamu. Akichoka, anaipandisha, risasi na muziki vinamfanyia kazi wakati yeye anakunywa maji. Filamu bubu haina chochote cha kupandisha. Msimulizi akinyamaza, ukumbi mzima unanyamaza naye. Ndiyo maana majumba ya Korea yaliweka na wapiga muziki. Siku ileile nikampigia simu rafiki yangu mpiga fidla.

Muswada wa byeonsa aliyesimulia filamu hii 1934 haukubaki. Korea wenyewe, walipoirudisha ukumbini mwaka 2008, mwongozaji Kim Tae-yong alilazimika kutunga simulizi upya, akaweka msimulizi, wanamuziki na waimbaji jukwaani, na onyesho lile likasafiri hadi nje ya nchi. Hilo limenipa ujasiri. Kama wenyewe walitunga, nasi tunaruhusiwa kutunga, mradi hatuigi chao.

Mei: mabishano juu ya Yeong-ok

Sehemu za Yeong-bok zimeandikika haraka. Za Gye-sun pia. Kim Yeon-sil ana uso unaojibu maneno, ukimsemea anaonekana amesema. Za tajiri ni starehe tupu kuandika. Tumekwama kwa Yeong-ok, na tumekwama vizuri, kwa ugomvi.

Mzee anataka machozi tangu anapoonekana mara ya kwanza. Aliandika mwenyewe kwa mkono, kwenye daftari la mraba:

"Ewe Yeong-ok, mtoto wa watu, laiti ungalijua yanayokungoja! Geuka, mama, geuka, rudi kijijini!"

Inaliza, nakiri. Aliposoma kwa sauti, mpiga fidla akaacha kupiga akamtazama. Mzee akaniambia, "Mwanangu, watu wanatoa hela zao ili walie. Usiwanyime."

Mimi nikamwomba atazame tena, safari hii bila kusoma chochote. Shin Il-seon hachezi kilio hapo. Anacheza mtu anayefanya hesabu. Mkahawani anayaachilia macho yake yafike kwa mteja kisha anayarudisha kabla hayajashikwa. Mikono yake ina shughuli wakati uso umetulia. Mwanamke huyu alikuwa amekwishajifunza nini hasa kamera inachukua na nini inaacha. Miaka ya nyuma yake ilikuwa imejaa filamu zilizopigwa mfululizo, kisha ukimya mrefu wa nyumba ya mume. Ukimwekea "ewe mtoto wa watu" juu yake, hesabu ile yote inafunikwa. Anabaki kuwa yule wa majarida: maskini, mzuri, mwenye bahati mbaya.

Nilimpa mzee mistari yangu ya sehemu ileile:

"Yeong-ok amefika mjini. Ana jina la kaka yake, hana anwani. Mji huu una treni, una taa, una watu wanaotabasamu kabla hujawaambia shida yako. Anawatazama. Anachagua."

Mzee akakunja uso. "Anachagua nini? Huyu hana cha kuchagua!"

"Anachagua wa kumuuliza, mzee. Angalia macho."

Akaangalia. Akasema itabidi mistari hiyo isomwe polepole sana, na akairekebisha: akatoa "una taa", akaweka "una kelele", kwa sababu, anasema, mtu akisikia neno kelele ndani ya ukumbi ulio kimya, masikio yake yanajazia mengine. Huo ndio ujuzi ambao hauko kwenye kitabu chochote nilichosoma.

Pale Gae-cheol anapomharibia Yeong-ok maisha yake, tumekubaliana wote: hakuna neno. Fidla nayo inyamaze. Mzee alihofia ukumbi utaanza minong'ono, na huenda ukaanza. Tuache unong'one.

Kuna jambo la muziki pia. Mpiga fidla alijifunza Arirang, ikampendeza, akapendekeza aipige kila Yeong-ok anapoingia. Mwalimu wetu wa Kikorea alisema Mkorea yeyote aliyemo ukumbini atalia papo hapo. Nimekataa, na nimekataa kwa ubishi. Mpeni mwanamke huyu filamu moja ambayo si Arirang. Miaka miwili baada ya hii alirudi kuicheza hata Arirang ya tatu, ya sauti, ya mwaka 1936, na mwaka uliofuata Na Woon-gyu akafariki. Ule wimbo umemfuata vya kutosha.

Juni: nani asimulie

Byeonsa walikuwa karibu wote wanaume. Vibanda vyetu, hivyohivyo. Maana yake ni kwamba mwaka 1934, kila neno alilolisema Yeong-ok ukumbini lilitoka kwenye koo la mwanamume aliyesimama kando ya pazia, kwa maandishi ya wanaume, baada ya kupitiwa na wakaguzi wanaume, na kesho yake likaandikwa gazetini na mwanamume. Nilikuwa nimeshaliona hilo tangu Februari kwenye faili, lakini liliponijia kama suala la kazi, la nani ashike maiki, likawa zito zaidi.

Tumejaribu wasimulizi wawili. Mzee anabaki na sehemu za Yeong-bok, Gae-cheol na vurugu zote za mjini. Hakuna wa kumfikia hapo. Sehemu za Yeong-ok na Gye-sun tumempa dada mmoja mtangazaji wa redio, aliyezoea kusoma matangazo ya vifo na salamu za wasikilizaji kwa sauti ileile isiyotetereka. Kwenye mazoezi ya kwanza mzee alimwita pembeni akamwambia, "Binti, unasoma kama unasoma bei za mahindi." Akamjibu, "Ndiyo, baba, ndivyo nilivyoambiwa." Mzee alinitazama mimi, si yeye. Wiki iliyofuata alikuja na rekebisho lake: dada asome vilevile, ila kwenye sehemu za Yeong-ok yeye mzee aondoke kabisa pembeni ya pazia, akae kwenye viti, ili watu wasimtazame yeye wakimngojea aseme. Tumefanya hivyo, na imekaa sawa kuliko nilivyotarajia.

Gye-sun alihitaji aya moja kwenye kijitabu cha ukumbini. Kim Yeon-sil alihamia Kaskazini nchi ilipogawanyika, kama Moon Ye-bong, nyota mkubwa zaidi wa miaka ya mwisho ya ukoloni, na kwa miongo kadhaa wasanii waliokwenda Kaskazini hawakutajwa kwa uhuru Kusini, hadi zuio lilipolegezwa mwaka 1988. Kwa hiyo kati ya nyuso mbili za kike kwenye filamu hii, moja ilinyamazishwa kwa siasa na nyingine ilisahauliwa bila hata kuhitaji amri. Shin Il-seon aliishi Kusini hadi 1990. Filamu ilipatikana miaka kumi na saba baadaye.

Miaka iliyofuata 1934 nimeipa mistari michache tu kijitabuni, kwa sababu inahitaji mradi wake: sauti ilikuwa tayari mlangoni, filamu ya Chunhyangjeon ikazungumza mwaka 1935 na byeonsa wakaanza kukosa kazi, mwaka 1940 sheria ya filamu, magazeti ya Dong-a na Chosun kufungwa, 1942 kampuni zote kuunganishwa kuwa moja chini ya serikali, filamu zikisema Kijapani na kuwaita vijana jeshini. Atakayetaka kuuchukua mradi huo, faili liko wazi.

Hali ya kazi ilivyo sasa: muswada umekamilika isipokuwa dakika za mwisho, ambapo mzee anataka methali na mimi sitaki. Fidla ina nyimbo zake zote ila moja ya mkahawani, ambayo mpigaji anaibadilisha kila mazoezi. Kijitabu kimesomwa na mwalimu wetu wa Kikorea, ambaye amerekebisha tahajia za majina na kutukataza kumwita Shin Il-seon yatima wa sinema, maneno ambayo mmoja wetu alikuwa ameyachomeka kwenye ukurasa wa mbele. Bango linakwenda kuchapishwa wiki ijayo. Nimeagiza jina lake liwe la kwanza, kwa herufi kubwa kuliko ya mwongozaji. Mzee ameuliza lake litakaa wapi. Nimemwambia chini, pamoja na la dada wa redio. Amesema sawa, ila liandikwe na lile jina lake la zamani la vibandani, maana bila hilo wateja wake hawatamjua.